Mpangaji wa ala katika muziki wa filamu hufanya kazi gani hasa?

Swali (Goma, mtaa wa Himbi): Ndugu zangu, mimi hupiga kinanda katika kwaya ya parokia yetu na ndimi ninayewagawia waimbaji sauti zao. Nimesoma kwamba muziki wa Star Wars (1977), uliotungwa na John Williams, kwa sehemu kubwa ulipangiwa ala na Herbert Spencer, anayetajwa kwa nadra. Mtunzi akishaandika muziki, huyu wa pili anabakiwa na kazi gani?

Jibu (Bukavu): Mdogo wangu, kazi kubwa sana. Mtunzi akibanwa na muda huandika rasimu ya mistari michache, akidokeza tu kwamba hapa ni tarumbeta, pale ni fidla. Mpangaji huihamishia kwenye karatasi pana ambamo kila ala ina mstari wake, akihakikisha kwamba filimbi haifunikwi na tarumbeta. Noti moja ikikosewa, okestra nzima husimama studioni huku ikilipwa.

Jibu (Lubumbashi): Naongeza mhariri wa muziki, anayehesabu picha 24 kwa sekunde ili pigo la ngoma liangukie palepale mlango unapofungwa. Wewe unayegawa sauti umeshauanza ufundi wenyewe. Sasa jifunze mipaka ya kila ala, hasa noti za chini za filimbi, maana huko sauti yake ni dhaifu.