Naomba ushauri: nimuache Hume au nibaki naye?

Wakuu, shikamooni wakubwa. Tasnifu yangu ya uzamili imekwama sura ya pili. Nalinganisha Ubudha na falsafa ya Magharibi juu ya nafsi ya mtu.

Nilianza na mtawa Nagasena na mfalme Milinda, yule Mgiriki aliyetawala pande za India. Nagasena anamuuliza: gari lako la farasi ni lipi hasa? Ni magurudumu? Ni ekseli? Ni nira? Mfalme kila mara hapana, mpaka anakubali kwamba "gari" ni jina tu la vitu vilivyounganishwa. Na mimi ndivyo nilivyo, anasema mtawa. Kisha mwaka 1739 mwanafalsafa David Hume wa Scotland anaandika kwamba akijichungulia ndani haikuti nafsi, anakuta joto, baridi, upendo, chuki, basi. Nikajaza kurasa kumi na mbili kwamba wanasema jambo moja.

Msimamizi akazipiga mstari mwekundu zote. Pembeni kaandika: "Hume alifanya nini baadaye?" Nikaenda kusoma. Kumbe mawazo yale yalimtia simanzi, akaenda kula na kucheza michezo ya dadu na rafiki zake! Mbudha yeye anakaa na wazo hilohilo, kwa sababu kwake ndilo dawa ya mateso. Kusema kweli, msimamizi kanishika pabaya.

Sasa, nimhamie Nishitani Keiji, mwanafalsafa Mjapani aliyeunganisha Ubudha na falsafa ya Magharibi, aliyesoma kwa mwanafalsafa Mjerumani Heidegger kule Freiburg, Ujerumani, 1937 hadi 1939? Kijerumani sijui hata salamu. Au nibaki na Hume, hoja iwe hiyo tofauti? Rasimu inatakiwa mwisho wa mwezi.