Tupeane uzoefu: Barabara ya Belgrave, Leicester, na maduka yake ya dhahabu

Mwanzisha mada

Wanajamvi, nawasalimu. Nimeishi Leicester, Uingereza, miaka kumi na sita, nikitokea Tanga, na kila mgeni anayenitembelea humpeleka kwanza Barabara ya Belgrave. Ningependa tupeane uzoefu wa mtaa huu, hasa wale waliouona kabla ya sisi kufika. Nitaanza na machache niliyoyakusanya.

Belgrave kilikuwa kijiji kinachojitegemea, kaskazini mwa jiji, kando ya Mto Soar. Katika daftari la mali lililoandikwa kwa amri ya mfalme mwaka 1086 jina lake ni Merdegrave, na inasimuliwa kwamba mabwana wa Kinormani, ambao kwa Kifaransa chao silabi ile ya mwanzo ilimaanisha kinyesi, waliona aibu kuitamka, wakaibadilisha iwe neno la kusifu uzuri. Jumba kubwa la Belgrave Hall, lililojengwa mwanzoni mwa karne ya 18, bado lipo. Mwishoni mwa karne ya 19 jiji lilikimeza kijiji, na mashamba yakageuka safu za nyumba za matofali mekundu, ukuta kwa ukuta, kwa ajili ya wafanyakazi wa viwanda vya soksi, nguo za kufuma na viatu. Kwenye barabara kuu kulikuwa na maduka ya nyama, mikate na vitambaa, na mwisho wake wa upande wa mjini kulikuwa na stesheni ya reli ambako familia za wafanyakazi zilipanda treni za likizo kwenda pwani ya Skegness na Mablethorpe. Safari hizo zilikoma mwaka 1962, na leo mahali pa stesheni ile pana supamaketi.

Huo ndio mtaa ambao Wahindi wa Afrika Mashariki waliukuta ukiwa umechoka: wenyeji wakihamia vitongoji vipya, maduka yakifungwa moja baada ya jingine, kodi ikishuka. Maoni yangu, na mnaruhusiwa kuyapinga, ni kwamba dhahabu ya Belgrave ilianzia kwenye unyonge huo. Mtaa ambao hakuna aliyeutaka ulikutana na watu ambao hawakutakiwa, nao walikuwa na ujuzi wa kukaa nyuma ya kaunta kuanzia alfajiri hadi usiku. Ukinitembeza pale ukiwa umenifunga macho, nikasikia lugha na kunusa ubani na bajia, ningedhani niko Kisutu, Dar es Salaam, ila baridi ingenisuta.

Mjukuu wa Jinja

Ahsante kwa kuanzisha mada hii. Mimi ni mmoja wa hao ambao hawakutakiwa. Babu yangu alikuwa na duka Jinja, na Kiswahili changu, ambacho zamani kilikuwa cha dukani tu, nimekinoa kwa kuoa Mwanza.

Amin alipotangaza Agosti 1972 kwamba tumepewa siku 90, nilikuwa na miaka kumi na mmoja. Mwezi uliofuata baba alirudi nyumbani na gazeti la Uganda Argus lenye tangazo lililolipiwa na halmashauri ya Leicester, likieleza kwamba nyumba, shule na hospitali za jiji hilo zimeelemewa, na kwamba kwa faida yetu wenyewe tusiende huko. Wengi wetu hatukuwa tumewahi kulisikia jina la Leicester. Baba aliikunja karatasi ile akaiweka mfukoni, akasema kwamba watu hawalipii tangazo la kukimbiza wageni pasipokuwa na wageni tayari, na kama wapo, basi ni ndugu zetu waliotoka Kenya. Alikuwa sahihi, kwani Wahindi wengi wa Kenya walikuwa wameingia Uingereza miaka minne au mitano kabla, baada ya sheria za leseni za biashara za mwaka 1967 kuwabana wasiokuwa raia, na baadhi yao walikuwa wamefikia Leicester. Tulishukia uwanja wa Stansted, tukakaa wiki kadhaa katika kambi ya zamani ya jeshi la anga huko Stradishall, kisha tukaja palepale tulipokatazwa.

Baba hakufungua duka mara moja, na hili ni jambo ambalo wasimulizi wengi huliruka. Alifanya kazi kiwandani kwa miaka mitano, zamu ya usiku, na mama alishona nguo nyumbani kwa malipo ya kila kipande. Kiwanda alichokuwapo kilipofungwa, alikwenda benki moja kuomba mkopo, na karani akamuuliza ana uzoefu gani wa biashara. Mtu aliyezaliwa juu ya magunia ya sukari! Hakupewa. Fedha zilitoka kwa shemeji wawili na kwa upatu wa akina mama wa mtaani. Chumba alichopanga kilikuwa duka la nyama lililokufa; ndoano zilikuwa bado zimening'inia darini, na mama, ambaye hali nyama, alikataa kukanyaga ndani mpaka zimeng'olewa na sakafu imeoshwa mara tatu. Tuliuza mchele, dengu, unga wa mahindi na sufuria. Jumapili, wakati maduka ya Waingereza yamefungwa, sisi tulikuwa wazi, na hao hao majirani waliotununia Jumatatu walikuja kununua maziwa kwa mlango wa nyuma.

Binti Kibokoni

Shikamoo, Mjukuu wa Jinja. Mimi naishi Birmingham, na nilifika Belgrave kwa sababu ya harusi ya mdogo wangu, kwani Mombasa walitaka seti ya dhahabu ya karati 22 na Birmingham nilikuwa nimechoshwa na bei.

Jambo la kwanza lililonishangaza ni milango. Kila sonara amefunga mlango wake mchana kweupe. Unabonyeza kengele, unatazamwa kupitia kioo, kisha mlango unalia na kufunguka, na mara nyingine unakutana na mlango wa pili. Nilijihisi ninaingia gerezani, mpaka muuzaji akanieleza jinsi masonara wanavyoandamwa na wezi. Ndani, mambo yalikuwa ya nyumbani kabisa: mzani juu ya meza, bei ya gramu ya siku hiyo imeandikwa ubaoni, gharama ya ufundi inajadiliwa mbali na bei ya dhahabu, na chai inaletwa bila kuombwa. Tofauti ni kwamba hapa kila pambo la dhahabu linalozidi gramu moja lazima lipigwe chapa na ofisi ya ukaguzi, na alama ya 916, yaani ya karati 22, niliyoonyeshwa chini ya lenzi ilinipa utulivu ambao sikuwahi kuupata kwa maneno ya sonara yeyote.

Nilikuwa nikimnong'oneza mama kwa simu kwamba mzee huyu anapandisha bei, nijaribu kuondoka ili anishushie. Mzee akaendelea kufuta bangili kwa kitambaa chake, kisha akasema kwa Kiswahili cha Kisumu, "Mama, usiondoke, nitashusha kidogo." Nilitamani ardhi inimeze. Alishusha kweli.

Mchana nilikula mkahawani, na kwenye orodha ya vyakula nikakuta "mogo" wa kukaanga. Nilidhani ni chakula cha Gujarati, kumbe ni muhogo wetu uliopitia ndimi za Wahindi wa kwetu, ukatiwa pilipili na ndimu, ukavuka bahari ukiwa umebadili jina. Jirani yangu wa mezani, Mwingereza, alinieleza kwa uhakika mkubwa kwamba ni chakula cha asili cha India, nami nikamwacha ale kwa amani.

Mwanafunzi wa Zamani

Yangu ni mafupi. Nilisoma Leicester miaka mitatu, na usiku wa kuwasha taa za Diwali ndio usiku pekee nilioona jiji la Kiingereza likifunga barabara kuu ili watu watembee na watoto mabegani, wakila jalebi za moto. Taa hizo zilianza kutundikwa mwaka 1983, nazo enzi zangu zilitundikwa juu kuvuka barabara, nguzo hadi nguzo. Ushauri wangu: msiende na gari.

Mtunza Hesabu

Nimefurahia simulizi, lakini nina shaka na sauti ya ushindi. Ninatunza vitabu vya maduka kadhaa ya eneo hilo, na hali si ya dhahabu kama jina la utani la mtaa huu, Golden Mile (Maili ya Dhahabu), linavyodai. Watoto wa wale waliolala juu ya maduka yao sasa ni wafamasia na wahasibu, wamehamia Oadby na kwingineko kwenye bustani na maegesho, na hawataki kurithi kaunta. Biharusi wa leo huagiza lehenga, vazi la harusi la Kihindi, kwa simu, au familia nzima husafiri kwenda Mumbai kununua kila kitu, na akipiga hesabu huona tiketi imejilipa. Mwaka 2014 lilibomolewa daraja la juu ambalo tangu miaka ya 1970 lilikuwa limeutenga mtaa na katikati ya mji, na mtaa umepata mwanga. Lakini vumbi na foleni za kazi ile ziliwaumiza wenye maduka madogo. Wapo wateja wangu wawili waliofunga.

Mwanzisha mada

Ndugu Mtunza Hesabu, sikupingi, ingawa mimi naona mtaa unabadilika zaidi kuliko unavyokufa. Umetaja jina la Golden Mile. Wengi husema ni kwa sababu ya masonara, lakini wazee kadhaa wa Kiingereza wameniambia ni kutokana na taa za njano za barabarani zilizopangwa kwa wingi hapo zamani. Mjukuu wa Jinja, ninyi mliliita nini?

Mjukuu wa Jinja

Masonara hawakuwa wengi tulipofika, kwa hiyo hiyo ya taa siibezi. Nyumbani kwetu hatukuwa na jina lolote. Mama yangu, aliyetimiza miaka themanini na minane, akitaka kwenda Belgrave bado husema, katikati ya Kigujarati chake, kwamba anakwenda "dukani", naye huchukua kikapu hata kama hana cha kununua.