Ramani ya hatari ya matetemeko inasema nini kuhusu kiwanja cha Bukoba?

Mwenyeji wa Kagera: Habari zenu wanajukwaa. Ninakusudia kujenga Bukoba, jirani na bonde la mto Kanoni, na kwa kuwa tetemeko la tarehe 10 Septemba 2016 halijasahaulika huku, nimetafuta ramani ya hatari ya matetemeko. Rangi ya eneo letu ni hafifu kuliko ya Ziwa Tanganyika, na maelezo yake yanataja "asilimia 10 katika miaka 50". Je, nihesabu kwamba niko salama?

Mwalimu wa Jiografia: Hapana, ndugu. Asilimia hiyo haihusu tetemeko kutokea au kutotokea, bali uwezekano wa ardhi ya mahali hapo kutikisika kupita kiwango kinachowakilishwa na rangi, jambo ambalo kwa wastani hutarajiwa mara moja katika miaka 475 hivi. Wastani si ratiba. Rangi hukolea Tanganyika na Rukwa kwa sababu tawi la magharibi la Bonde la Ufa limepita huko, na mwaka 1910 Rukwa ilipata tetemeko lenye ukubwa unaokadiriwa kuwa 7.4. La Bukoba lilikuwa 5.9 tu, lakini liliua watu zaidi ya 15 na kubomoa nyumba nyingi.

Fundi Mkongwe: Niongeze la udongo, maana hapo ndipo ramani huwapotosha wengi. Ramani za eneo kubwa kwa kawaida huchorwa kana kwamba kila mahali chini kuna mwamba mgumu, ilhali udongo laini wa bondeni hukuza mtikisiko. Kwa hiyo kiwanja kilicho juu ya miamba ya kilimani na hicho chako cha Kanoni vitapata rangi ileile, ingawa havitatikisika sawa. Pima udongo kabla ya kuchimba msingi.

Mwenyeji wa Kagera: Ahsanteni. Je, nikihamia kilimani, tofali za kuchoma zitatosha?

Fundi Mkongwe: Kilima hakiokoi ukuta dhaifu, na mteremko mkali nao una hatari ya maporomoko. Tofali zenyewe si tatizo kubwa kama kuta zisizofungamana: weka nguzo za zege zenye nondo kwenye pembe, na lenta izunguke kuta zote bila kukatika, si juu ya milango na madirisha pekee kama wengi wanavyofanya ili kupunguza gharama.