Mchora seti ni mwenye filamu au ni fundi tu? Mjadala kuhusu Trauner

Wadau habari za jioni. Juzi nimebishana na jamaa, anasema muvi ni ya dairekta basi, anayechora seti, yaani mandhari yanayojengwa kwa ajili ya kupigia muvi, ni fundi wa kuajiriwa tu kama seremala, akishalipwa chake hana cha kudai. Mi napinga kabisa na mfano wangu ni mchora seti Alexandre Trauner.

Huyu bwana kazaliwa Budapest, Hungaria, 1906, Myahudi, kasomea uchoraji hukohuko, 1929 akahamia Paris maana kwa Wayahudi hali ya kwao ilishakuwa ngumu. Paris akawa msaidizi wa mchora seti Lazare Meerson na hapo ndo akaishika kazi ya seti. Sa mwaka 1938 dairekta Marcel Carné anatengeneza muvi ya Hôtel du Nord, hadithi iko pembeni ya mfereji wa Saint-Martin katikati ya jiji, utaufunga vipi mfereji wakati watu wana shughuli zao, Trauner akaujenga studio, maji, daraja, hoteli na kila kitu. Mpaka leo watu wanaenda kuitazama hoteli halisi kwa sababu ya ile muvi, wakati walichokiona kwenye skrini kwa sehemu kubwa ni kazi ya mikono yake!

Alafu vita ikaja. Wajerumani wameikalia Ufaransa, Myahudi haruhusiwi kufanya kazi ya filamu, na Carné anataka kupiga Les Enfants du paradis. Trauner kajificha kusini huko nyuma ya Nice, anachora mtaa mzima wa Paris wa karne ya 19 akiwa mafichoni, michoro inapelekwa, mchora seti mwenzake Léon Barsacq anasimamia ujenzi na jina linaloonekana ni la Barsacq. Muvi ikatoka 1945 Paris ikiwa imeshakombolewa, ndo ikaandikwa kwamba Trauner alichangia kwa siri. Alichangia! Kuna wanaosema ni sawa kwa sababu Barsacq ndiye aliyesimama pale kwenye vumbi na mafundi, na kweli alijiweka hatarini, heshima yake ipo na simnyang'anyi. Lakini kusimamia ujenzi na kuuwaza mtaa ambao haupo ni kazi mbili, jamani, na aliyeuwaza ndo alikuwa hawezi hata kutokeza uso.

Haya, twende Marekani. Dairekta Billy Wilder anataka ofisi kubwa ya kampuni ya bima kwenye The Apartment, muvi ya 1960, ofisi ambayo mfanyakazi anaonekana kapotea ndani yake. Studio haina ukubwa huo. Trauner alichofanya ni hiki: meza za mbele ni za kawaida, kadiri zinavyokwenda nyuma zinapungua ukubwa, kule nyuma zaidi kwenye meza ndogo wakakalishwa watu wafupi, na mwisho kabisa si watu tena, ni maumbo yaliyokatwa tu. Ukiangalia unaona watu mamia kwa mamia mpaka macho yanaishia. Unamhurumia yule karani, mhusika mkuu, kabla hajafungua mdomo, na mi nasema huruma hiyo imetoka kwenye zile meza. Oscar ya seti akaipata, yeye na Edward G. Boyle aliyepamba.

Najua nitajibiwa kwamba Wilder ndo aliagiza na ndo mwenye neno la mwisho. Sawa, aliagiza ofisi kubwa. Lakini "kubwa" ni neno tu, kila mtu anaweza kulisema, mimi naijua kazi hii maana napanga seti za video hapa Dar, mteja anakuja na neno moja, unakesha nalo, asubuhi neno limekuwa chumba, alafu video inatoka jina lako halipo popote.

Kwa hiyo anayesema ni fundi tu anijibu hapa: mtoe Trauner kwenye ile ofisi, mwache Wilder na karani wake kwenye chumba chenye meza kumi, je ni muvi ileile?