Mrejesho: ile kesi ya kodi ya ardhi kule kaunti

Habari wadau, narudi na mrejesho. Niliuliza humu nifanye nini, maana shamba la marehemu mzee tulishaligawanya na kila mtu ana hati yake, lakini kaunti wakawa bado wanatuma bili ya hati ile ya zamani pamoja na za ploti mpya, yaani ardhi moja inalipiwa mara mbili na riba inapanda tu. Barua zetu zote zilipigwa muhuri wa kupokelewa, majibu hakuna!

Basi tukaenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi, loya akasimamia Kifungu cha 47 cha Katiba ya Kenya, kile kinachompa kila mtu haki ya kushughulikiwa na ofisi za umma haraka, kwa haki na kisheria. Jaji hakufuta deni, watu waelewe hapo, amesema hiyo ni kazi ya maofisa wa kaunti wenyewe ila waifanye: watusikilize, waamue ndani ya siku 60, watoe sababu kwa maandishi, na kwa sasa wasitudai kwa nguvu. Nilifurahi sana, angalau mtu atalazimika kufungua lile faili.

Na aliyeuliza kama tunaendelea kulipia ploti mpya, ndiyo, hizo tunalipa na risiti tunaweka.