Grandmasta kwa ubingwa wa Afrika: ni haki yake au amepewa?

Mwanzisha mada

Wadau wa sataranji, salaam. Jumamosi klabuni tulibishana mpaka kete zikarudishwa kwenye mfuko huku hakuna aliyekubali kushindwa. Nimeuleta ubishi hapa.

Mada ni Kenny Solomon wa Mitchells Plain, Cape Town. Desemba 2014 alitwaa ubingwa wa Afrika jijini Windhoek, na kwa ushindi huo shirikisho la dunia, FIDE, likamtunuku cheo cha juu kabisa cha mchezo huu, Grandmasta, wa kwanza kwa Afrika Kusini. Mwenzetu mmoja akasema, "Huyo si Grandmasta, huyo amepewa." Hoja yake ni kwamba Grandmasta halisi hufikisha reitingi, yaani namba ya kupimia nguvu ya mchezaji, ya 2500 na kukamilisha normu zake, na Solomon hakuwahi kuigusa 2500.

Mimi nasema ni Grandmasta kamili. Hilo neno "amepewa" limenikaa kooni tangu siku ile.

Kwa wasiofuatilia: normu ni uthibitisho kwamba umecheza kama Grandmasta, na unaipata kwenye mashindano, mara nyingi ya raundi tisa, ukicheza kwa kiwango cha 2600. Wapinzani wako wawe na wastani usiopungua 2380, theluthi yao wawe Magrandmasta, na wasiwe wote wa nchi yako. Kwa wastani huo wa 2380 unatakiwa uvune pointi 7 kati ya 9. Halafu urudie, mpaka michezo yako ya normu itimie 27.

Sasa niambieni, Magrandmasta watatu utawakusanya wapi kwenye mashindano ya Dar es Salaam au Kampala, wakati Tanzania, Kenya na Uganda hatuna hata mmoja? Budapest kwa miaka mingi kulikuwa na mashindano ya kutafutia normu karibu kila mwezi. Mchezaji wa pale alipanda tramu, akacheza, akarudi kulala kwao. Sisi safari ya normu inaanzia foleni ya ubalozi.

Na sheria hii ya kumpa bingwa cheo haikutungwa kwa kuionea huruma Afrika. Bingwa wa dunia wa vijana anapewa cheo papo hapo, bingwa wa dunia wa wazee pia. Julai 2025 binti wa India, Divya Deshmukh, alishinda Kombe la Dunia la wanawake huko Batumi, akatoka Grandmasta bila kuwa na normu hata moja. Klabuni kwetu tulimshangilia wote, na huyo anayesema Solomon "amepewa" alikuwa wa kwanza kupiga makofi. Tofauti ni nini?

Mchangiaji, Lubumbashi

Mkuu, nakupinga, tena kwa heshima.

Mimi naishi karibu na mpaka wa Zambia, na huku jina ni Amon Simutowe, mchezaji wa Zambia tunayemwita Papa wa Zambezi, yule samaki mkali. Mwaka 2000 alishika nafasi ya pili kwenye ubingwa wa dunia wa vijana kule Yerevan. Angeshinda tu, angekuwa Grandmasta siku ile ile. Ikabidi aende njia ndefu. Normu ya mwisho aliipata Arnhem, Uholanzi, mwaka 2007, kwa kushinda mashindano yenyewe. Hata hapo hakupewa cheo, kwa sababu reitingi ilikuwa bado. Alisubiri mpaka alipoivuka 2500, cheo kikaja 2009. Miaka tisa tangu Yerevan, ndugu yangu.

Tukisema vyeo hivi viwili ni kitu kimoja, Simutowe tunamlipa nini? Angalieni hesabu: mwenye 2500 akicheza michezo 100 na mwenye 2400, anatarajiwa kuvuna kama pointi 64. Hilo si pengo dogo. Na siku hizi FIDE inaruhusu bingwa wa bara apewe Ugrandmasta akiwa amefikisha 2300 tu. Kwa reitingi hiyo, hata kwa njia ya kawaida, Umasta wa Kimataifa, cheo kilicho chini ya Ugrandmasta, hupati, maana unadai 2400. Mtoto akijua ipo wiki moja inayomaliza kila kitu, ataacha kutafuta njia ya Simutowe.

Mchangiaji, Mombasa

Mimi sina hoja kubwa, nina pasipoti tu. Nililipa ada ya mashindano ya wazi Ulaya, nikalipa na hoteli. Viza ilitoka siku ya raundi ya nne. Usiku ule nilipanga ubao mezani jikoni, nikafuata kwenye simu mchezo wa jamaa aliyechukua nafasi yangu, hatua kwa hatua, mpaka mama akaniuliza nacheza na nani.

Ndugu wa Lubumbashi, wanaoacha kuitafuta njia ya Simutowe wengi hawakuvunjwa moyo na Solomon.

Mwanzisha mada

Asante wa Mombasa. Pole sana.

Wa Lubumbashi, Simutowe namvulia kofia, na sikubali kwamba kumheshimu kunahitaji kumshusha Solomon. Lakini historia ya cheo chenyewe haijawahi kuwa nyoofu kama unavyoichora. Mwaka 1978 Nona Gaprindashvili wa Georgia alikuwa mwanamke wa kwanza kuwa Grandmasta. Michezo yake ya normu ilikuwa pungufu kidogo ya idadi iliyotakiwa, FIDE ikatazama alivyocheza mashindano ya Lone Pine, Marekani, mwaka uliotangulia, ikampa. Leo nani anathubutu kusema Nona si Grandmasta?

Na reitingi si mizani isiyokosea. Machi 2024 FIDE yenyewe ilizipandisha reitingi zote zilizokuwa chini ya 2000, kwa sababu zilikuwa zimeshuka kuliko uwezo wa wenyewe. Huku kwetu tunazunguka wenyewe kwa wenyewe, nakula pointi zako, unakula zangu, na za kutoka nje haziingii. Kijana anaweza kukua mchezo wake miaka mitatu na namba yake ikabaki pale pale. Ubingwa wa bara ndipo anapokutana na Wamisri, na Misri ndiyo nchi ya Bassem Amin, Mwafrika pekee aliyewahi kuvuka 2700. Ukiwapita watu wa aina hiyo ukamaliza wa kwanza, hujaokota kitu njiani.

Jambo moja umenishinda, nakubali: 2300 ni chini mno. Wapandishe mpaka 2400, hata kesho, nitaunga mkono. Solomon alikuwa ameshaivuka 2400 kabla hajafika Windhoek.