Kuthibitisha kipato cha marehemu aliyejiajiri katika madai ya fidia ya ajali ya barabarani

Msafiri Mkimya:
Wanajukwaa, naomba ushauri wenu. Kaka yangu mkubwa aligongwa na lori akafariki dunia, akaacha mke, watoto watatu walio shuleni, na mama yetu mzazi aliyekuwa akimtunza. Nani mwenye kosa si suala tena, kwa kuwa dereva amekwisha kutiwa hatiani kwa uendeshaji wa hatari. Kinachotukwamisha ni kipato. Marehemu alikuwa fundi seremala mwenye karakana yake, na kampuni ya bima ya lori imetujibu kwamba, bila hati ya mshahara wala hesabu zilizokaguliwa, itamhesabu kama kibarua wa kima cha chini. Tulichonacho ni daftari la oda aliloliandika kwa mkono wake, risiti kadhaa za mbao na kumbukumbu za miamala ya simu. Je, vitatosha? Shemeji ameanza kukata tamaa na anataka tupokee hicho kidogo wanachotoa.

Mzee wa Mizani:
Pole sana kwa msiba, ndugu. Nimestaafu uwakili, lakini madai ya aina hii nimeyaendesha mengi.

Ondoeni kwanza hofu ya hati ya mshahara. Katika shauri la madai hamtakiwi kuthibitisha pasipo kuacha shaka yoyote, kama ilivyo kwenye jinai. Mnatakiwa kuonyesha kwamba mnayoyasema yana uwezekano mkubwa zaidi wa kuwa kweli. Daftari likisimama peke yake ni dhaifu, kwa sababu wakili wa upande wa pili atasema limeandikwa baada ya mazishi. Lakini chukueni ukurasa wenye oda ya meza na viti sita, ambapo marehemu ameandika kwamba mteja alitanguliza nusu ya bei, kisha tafuteni muamala wa simu wa siku hiyo wenye jina la mteja huyo na kiasi hichohicho, halafu wekeni pembeni yake risiti ya mbao iliyokatwa siku mbili baadaye. Hapo vitu vitatu vilivyoandikwa na watu tofauti vinasema neno moja. Mkipata kurasa za namna hiyo zilizotawanyika katika mwaka mzima, na mteja mmoja au wawili pamoja na muuza mbao wakikubali kuja kutoa ushahidi, mtakuwa na hoja ambayo bima haiwezi kuipuuza.

Angalizo kubwa ni hili: msidai mauzo mkayaita kipato. Toeni mbao, gundi, misumari, umeme, kodi ya karakana na ujira wa wasaidizi. Tuseme katika kila 100 iliyoingia, 55 ilikwenda kwenye gharama. Kinachobaki ni 45. Baadhi ya mahakama zinazofuata sheria ya Kiingereza huchukulia kwamba mtu mwenye mke na watoto hutumia kama theluthi moja kwa nafsi yake, hivyo familia imepoteza 30. Kiasi hicho, kikishapigiwa hesabu ya mwaka, huzidishwa kwa idadi ya miaka, nayo huwa pungufu ya ile iliyokuwa imebaki hadi uzeeni, kwa sababu fedha hulipwa kwa mkupuo na maradhi nayo yangeweza kumsimamisha kazi kabla ya wakati.

Chapakazi:
Kwa nini mjitese na daftari? Mwombeni mteja mmoja mwenye kampuni aandike barua kwamba marehemu alikuwa akilipwa kwake mshahara mnono kila mwezi.

Bi Rehani:
Ndugu Chapakazi, ushauri huo utaiangamiza familia. Mwandishi wa barua ataitwa kizimbani na kuulizwa ziko wapi kumbukumbu za malipo, na akishindwa kujibu, hata daftari la kweli litatiliwa shaka. Isitoshe, kughushi ni jinai.

Msafiri, mimi naomba mtazame jambo ambalo Mzee hakuligusa: ritani za kodi. Ikiwa marehemu alitangaza mapato madogo kuliko mnayoyadai, upande wa pili unaweza kuzitaka na kuzisoma mbele ya jaji, na msishangae mahakama ikikataa kiasi kinachozidi kile alichokitangaza mwenyewe. Mwelezeni wakili wenu mapema, hata kama inaumiza.

Msafiri Mkimya:
Ahsanteni. Ritani zipo za miaka miwili tu, na kiasi chake kinakaribiana na daftari. Je, jaji asiporidhika, tutaambulia patupu? Na mama anahesabiwa?

Mzee wa Mizani:
Si lazima mwambulie patupu. Jaji asiporidhika na kiasi anaweza kurejea viwango rasmi vya mishahara, na pale ambapo viwango hivyo hutenganisha fundi na kibarua, dai la bima kwamba kaka yako ahesabiwe kibarua halina msingi. Thibitisheni ufundi wake kwa cheti au kwa ushahidi wa waliojifunza kazi kwake. Majaji wengine hutoa kiasi cha jumla bila kuzidisha miaka.

Mama anahesabiwa, mradi mwonyeshe alichokuwa akitumiwa. Utegemezi huthibitishwa kivyake, kwa hiyo miamala ya kila mwezi kwenda kwake na risiti za ada za watoto zina uzito uleule wa daftari. Haki hii haikuwapo siku zote. Nchini Uingereza, mwaka 1808, gari la farasi lilipinduka na mke wa mwenye baa akafa baadaye. Ingawa alikuwa akimsaidia sana mumewe katika biashara, jaji alisema kifo cha mtu hakiwezi kudaiwa fidia mahakamani. Sheria ya mwaka 1846 ndiyo iliyowafungulia wategemezi mlango.

Shemeji asitie saini hati yoyote ya kumaliza madai kabla wakili hajaisoma. Ulizeni pia wiki hii hii ukomo wa muda wa kufungua shauri ni lini na kama lazima ateuliwe kwanza msimamizi wa mirathi, kwa maana mazungumzo na bima kwa kawaida hayasimamishi muda huo.